Mumenyereri: gazeti la mtu wa Nyathuna

Kabla ya redio kuenea majumbani, habari nyingi zilifika vijiji vya Kiambu zikiwa zimechapishwa kwenye karatasi na kupokezwa mkono kwa mkono. Gazeti mojawapo lilikuwa Mumenyereri, lililoandikwa kwa Kikuyu na kuanzishwa mwaka 1945 na Henry Muoria, mzaliwa wa Nyathuna, katika eneo la Kabete. Jina hilo maana yake ni mtunzaji.

Halikuwa la kwanza. Mwaka 1928 chama cha Kikuyu Central Association kilianzisha Muigwithania, yaani mpatanishi, na mhariri wake alikuwa Jomo Kenyatta wa Gatundu. Serikali ya kikoloni ilipokipiga chama hicho marufuku mwaka 1940, sauti hiyo nayo ilizimwa.

Muoria hakuwa na chama nyuma yake. Alikuwa gadi wa treni, na uandishi alijifunza kwa masomo ya posta. Aliacha kazi ya reli, yenye mshahara wa uhakika, akaingia katika biashara ambayo Waafrika wachache sana walikuwa wameijaribu. Mwanzoni hakuwa na mtambo wa kuchapa, hivyo alitegemea wachapishaji wa Kihindi wa Nairobi. Gazeti lilianza likitoka mara moja kwa mwezi, na baadaye likawa la kila wiki.

Wasomaji walipata humo mambo ambayo magazeti ya walowezi hayakuyajali: ardhi, shule, mishahara, na mikutano ya siasa. Kenyatta aliporejea kutoka Uingereza mwaka 1946, Muoria alichapa hotuba zake kwa lugha ambayo mama wa sokoni aliielewa. Asiyejua kusoma alisomewa, kwa hiyo nakala moja ilihudumia watu wengi.

Serikali ilikuwa ikisoma pia. Maofisa wake walidai kwamba baadhi ya matangazo ya karamu za chai katika gazeti hilo yalikuwa mwaliko wa viapo vya Mau Mau. Hali ya hatari ilipotangazwa Oktoba 20, 1952, magazeti ya Waafrika yalifungwa, Mumenyereri likiwemo. Muoria mwenyewe alikuwa safarini London. Kurudi kungemfikisha kizuizini, basi akabaki huko, akafanya kazi ya gadi katika treni za chini ya ardhi. Kazi ileile aliyokuwa ameiacha Kenya. Alifariki mwaka 1997.

Nakala zilizosalia ni chache sana. Katika miaka ya hali ya hatari, kupatikana na chapisho lililopigwa marufuku kungeweza kukuletea kesi, na karatasi iliyofichwa darini huliwa na mchwa. Huenda hata hivyo zipo nyumba ambako nakala ya Mumenyereri imelala ndani ya sanduku la babu, pamoja na kipande na hati za shamba.

Mkazi atakayeipata asiibandike gundi wala kuifunga kwa plastiki ya moto. Aiweke bapa ndani ya bahasha safi, mahali pakavu, mbali na jua. Kisha anaweza kutafuta ushauri katika Hifadhi ya Nyaraka ya Taifa, jengo lililo kati ya Moi Avenue na Tom Mboya Street jijini Nairobi. Kutoka Kiuu ni matatu moja tu ya Githurai hadi mjini, kisha mwendo mfupi kwa miguu.