Nusu kilo ya nyama, watu nane: namna ya kupika nyama ya kusaga na viazi juu ya mbabula

Katika nyumba nyingi za Goma, Bukavu, Butembo ao Bunia, nyama inaingia kwenye sufuria siku chache tu kwa mwezi, na siku inapoingia haitoshi. Nusu kilo ikikatwa vipande, baba anapata viwili, mgeni anapata kimoja, na watoto wadogo wanabaki na supu. Nusu kilo ileile ikisagwa na kuchanganywa na mboga, hakuna tena kipande kikubwa wala kidogo. Kila mtu anapata sehemu yake.

Hiyo ndiyo faida ya chakula ambacho Wafaransa wanakiita hachis Parmentier: nyama ya kusaga na mboga chini, viazi vya kuponda juu, na sufuria nzima inamalizikia kwenye moto wa pande mbili. Hakiombi furu wala umeme. Kinaomba mbabula moja, sufuria nzito yenye kifuniko, na uangalifu mkubwa, kwa sababu nyama ya kusaga inaharibika mbio kuliko nyama ya vipande.

Jina linatoka wapi

Neno hachis kwa Kifaransa ni kitu kilichokatwa vidogo vidogo. Parmentier ni jina la mtu. Antoine Parmentier alizaliwa mwaka 1737 na kufa mwaka 1813. Alikuwa mtaalamu wa dawa katika jeshi la Ufaransa. Wakati wa Vita ya Miaka Saba alikamatwa na jeshi la Prussia, na kule kifungoni alilishwa viazi. Wakati ule, Wafaransa wengi waliona viazi ni chakula cha nguruwe, na kuna walioamini kwamba vinaleta ugonjwa wa ukoma. Parmentier alitoka kifungoni akiwa mzima, na miaka iliyofuata aliitumia kuonyesha watu wa nchi yake kwamba viazi vinaweza kuokoa familia wakati wa njaa.

Huku mashariki ya Congo hakuna mtu wa kuombwa ale viazi. Masisi, Lubero, Kibumba na milima ya Djugu inavilima tangu zamani, na wengine wanaviita birayi. Swali la hapa ni lingine: nyama kidogo na viazi vingi vitalisha watu wangapi, na watakula bila kuugua?

Kwa nini kusaga nyama

Nusu kilo kwa watu nane ni gramu sitini na kidogo kwa kila mmoja. Kwa macho ni kidogo sana. Lakini nyama iliyosagwa inaachilia mafuta na ladha yake kwa karoti, shu na vitunguu, na kila kijiko kinakuwa na nyama ndani. Mtoto wa miaka miwili ambaye hajaweza kutafuna kipande kigumu anaikula bila shida. Mzee asiye na meno naye vilevile.

Kuna na sababu ya afya. Nyama iko na madini ya chuma ambayo mwili unayapokea kwa urahisi, na tena inasaidia mwili kupokea chuma kilicho ndani ya majani na maharage. Chuma kikikosekana, damu inapunguka: mtoto anachoka, mama mwenye mimba anasikia kizunguzungu. Karoti nazo ziko na kitu ambacho mwili unakigeuza kuwa vitamini A, lakini kinahitaji mafuta ili kipite. Ndio maana karoti iliyokarangwa pamoja na nyama inasaidia kuliko karoti iliyochemshwa peke yake kwenye maji.

Kununua: asubuhi, na kwa macho

Vijidudu vinavyoleta kuhara vinakaa zaidi juu ya nyama, kwa nje. Kipande kizima kikipata moto mkali kwa nje, vingi vinakufa. Lakini nyama ikisagwa, ile ya nje inaingia ndani, na vijidudu vinatawanyika kila pahali. Kwa hiyo nyama iliyosagwa asubuhi na kuachwa kwenye jua mpaka saa kumi ya mchana ni hatari, hata kama rangi yake bado ni nzuri.

Kanuni ni tatu. Kwanza, kununua kipande kizima na kuomba kisagwe mbele ya macho, kwenye mashine iliyosafishwa. Pili, kuipika siku ileile. Pasipo frigo, isikae zaidi ya saa mbili kabla ya kufika kwenye moto, na mahali pa joto kali sawa Uvira ao Kalemie, saa moja tu. Tatu, kuipika mpaka rangi nyekundu iishe kabisa. Wataalamu wa usalama wa chakula wanaomba nyama ya kusaga ifike digrii 71 kwa ndani. Nyumba nyingi hazina chombo cha kupima joto, lakini nyama iliyotawanywa kwenye sufuria, ikageuka kahawia yote, kisha ikachemka dakika kumi na tano pamoja na mboga, imepita pale.

Si lazima kutafuta nyama ya bei kubwa. Shingo na bega zinafaa sana, kwa sababu mashine inavunja ugumu wake. Nyama ya mbuzi nayo inafaa. Pasipo mashine, visu viwili vikali na ubao vinatosha: nyama inakatwa vipande vidogo, kisha inachapwa kwa visu mpaka ilainike. Ubao ule uoshwe kwa sabuni na maji ya moto kabla ya kukatia kitu kingine, zaidi sana tomati ao mboga ya kuliwa mbichi.

Vitu vya kutafuta kwa watu nane

– Nyama ya kusaga, nusu kilo
– Viazi, kilo mbili
– Karoti nne za kadiri
– Nusu ya shu ndogo
– Vitunguu vitatu, na punje tatu za kitunguu saumu
– Tomati tano zilizoiva, ao vijiko viwili vya tomati ya kikopo
– Majani kidogo ya seleri
– Mafuta, vijiko vitano
– Glasi moja ya maziwa, hata ya unga
– Chumvi na pilipili

Mwenye uwezo anaweza kuongeza fromaji ya Masisi, kama gramu mia moja, ya kukwangulia juu. Asiye nayo hapotezi kitu kikubwa. Mboga ioshwe kwa maji safi, na mikono kwa sabuni; katika majimbo ambapo kolera inarudi mara kwa mara, hatua hii haina mbadala.

Hatua ya kwanza: viazi

Viazi vinamenywa, vinakatwa sehemu nne, na kuwekwa kwenye maji baridi yenye chumvi. Vikianza kwenye maji baridi, ndani na nje vinaiva pamoja. Vikitupwa kwenye maji yanayochemka, nje inapasuka wakati ndani bado ngumu.

Wapishi wa milimani wasishangae vikichelewa. Maji yanachemka kwa digrii 100 kando ya bahari, lakini kadiri mtu anavyopanda mlima, yanachemka kwa joto la chini. Goma na Bukavu ziko karibu metre 1500 juu ya bahari, na maji yanachemka kwa digrii karibu 95. Kuongeza makala hakuongezi joto la maji yale. Yanakauka mbio tu. Dawa ni kufunika sufuria na kungoja, nusu saa ao zaidi, mpaka kisu kiingie kwenye kiazi bila nguvu.

Vikiiva, maji yanamwagwa, lakini glasi moja inabakizwa. Viazi vinapondwa vikiwa moto, na vijiko viwili vya mafuta na maziwa yaliyopashwa. Vikiwa vizito sana, yale maji yaliyobakizwa yanavilainisha. Viwe laini vya kupakwa kwa kijiko, lakini visitiririke.

Hatua ya pili: nyama na mboga

Wakati viazi vinachemka, mboga inakatwa. Karoti zinakatwa vidogo sana, kama punje za mahindi, na shu nyembamba sana. Vikiwa vikubwa, nyama inaiva mbele na mboga inabaki ngumu.

Viazi vikitoka, sufuria ya pili inapanda kwenye makala, na vijiko vitatu vya mafuta. Kitunguu kinaingia kwanza, mpaka kianze kuwa na rangi ya dhahabu. Halafu nyama. Hapa wengi wanaharibu: wanaweka nyama, chumvi na tomati kwa mara moja. Nyama inatoa maji, inachemka badala ya kukaranga, na inashikana mabonge. Inafaa nyama iingie peke yake, isambazwe kwa kijiko cha mti, iachwe bila kugeuzwa dakika mbili, kisha igeuzwe na kuvunjwa-vunjwa mpaka nyekundu yote iishe. Maji yake yakishakauka na sauti ya kukaranga ikirudi, kitunguu saumu, karoti na shu vinaingia.

Baada ya dakika tano, tomati zilizosagwa, seleri, chumvi na pilipili zinafuata, na nusu glasi ya maji. Sufuria inafunikwa, moto unapunguzwa, dakika kumi na tano. Mwisho wake mchanganyiko uwe na unyevu bila supu ya kutembea. Supu ikizidi, viazi vitazama. Watoto wadogo wakiwa mezani, pilipili iwekwe kando, kila mkubwa ajitilie.

Hatua ya tatu: moto wa chini na wa juu

Wamama wanaopika keki nyumbani wanajua tayari njia hii. Sufuria nzito inapakwa mafuta kidogo. Nyama na mboga vinatandazwa chini, viazi vinapakwa juu mpaka kwenye kingo, bila kuacha tundu. Uma inapitishwa juu ili kuchora mistari, kwa sababu ile mistari ndiyo itakayopata rangi. Fromaji, kama iko, inakwanguliwa wakati huu.

Makala yaliyoshika vizuri yanagawanywa: machache sana yanabaki kwenye mbabula, mengi yanawekwa juu ya kifuniko cha chuma kilichogeuzwa. Chakula tayari kimeiva; kinachotafutwa ni viazi kukauka juu na kuwa na rangi. Moto mwingi chini unaunguza nyama bure. Kuanzia dakika 20 mpaka 25 inatosha. Kifuniko kinafunguliwa polepole, majivu yasianguke ndani.

Mwenye wasiwasi wa kuunguza anaweza kuchukua sufuria kubwa, akaitandika mchanga mkavu, na kusimamisha ile ndogo ndani yake. Mawe ya kutoka mtoni ao ziwani yasitumiwe: maji yaliyojificha ndani yake yanaweza kuyapasua yakipata moto.

Na mbabula ikae nje, ao mahali penye hewa kupita. Makala yanatoa hewa yenye sumu isiyo na harufu wala rangi. Katika chumba kilichofungwa, familia inaweza kulala na isiamke. Mvua ikinyesha, ni afadhali kula kwa kuchelewa kuliko kuingiza mbabula kwenye chumba cha kulala.

Kugawa na mabaki

Sufuria ikitoka kwenye moto, ingoje dakika kumi. Chakula kinashikana, na kisu kinakata vipande ambavyo havibomoki. Kisu kinapita katikati mara moja, kisha kila nusu inagawanywa sehemu nne. Watu nane, vipande nane, kila kimoja kiko na nyama, mboga na viazi. Bugali si lazima. Viazi vimeshashika kazi yake. Majani ya lengalenga pembeni yanakamilisha sahani.

Mabaki ndiyo yanayoleta shida. Umeme ukikatika, frigo inakuwa sanduku tu. Nyama na maziwa vikilala usiku kwenye sufuria ya vuguvugu, vijidudu vinazaana, na baadhi yavyo vinaacha sumu ambayo moto wa asubuhi hauiondoi. Kwa hiyo kupasha si dawa ya kila kitu. Penye frigo inayofanya kazi, mabaki yaingie ndani kabla ya saa mbili kupita, yaliwe kesho yake baada ya kupashwa mpaka mvuke utoke katikati. Pasipo frigo, ni kupika kile kitakachoisha jioni ileile. Familia ya watu wanne inunue robo kilo ya nyama na kilo moja ya viazi.

Siku nyama ikikosekana

Wiki ambapo barabara imefungwa na bei imepanda, chakula hiki hakifi. Maharage yaliyoiva na kupondwa nusu-nusu yanachukua pahali pa nyama. Hata robo kilo ya nyama na vikombe viwili vya maharage vinalisha watu wanane walewale. Kwenye pwani ya Ziwa Kivu, sambaza waliokaushwa na kukarangwa wanafaa pia. Njia haibadiliki: vilivyo vichache vikatwe vidogo, vichanganywe na mboga nyingi, vifunikwe kwa viazi, na kipande cha mtoto kiwe sawa na cha mkubwa.