Saa Ngapi Zimepita?

Kusoma saa ukutani ni jambo moja. Kujua muda uliopita kati ya nyakati mbili ni jambo jingine. Nasi walimu twaliona kila mwaka.

Twauliza darasani: «Mwashi ameanza kazi saa 2 na dakika 50, ameiacha saa 4 na dakika 15. Amefanya kazi muda gani?» Mtoto huandika 4,15, hutoa 2,50, hupata 1,65, hujibu: «Saa moja na dakika 65.» Kwa hesabu hiyo mwashi apewa dakika 40 zaidi ya kazi yake. Leo apotezaye ni mwenye kazi. Kesho, kwa kosa lingine, ni mfanyakazi. Dakika 40 kila siku kwa siku 6 ni saa 4 nzima.

Kosa latoka wapi? Fedha twazihesabu kwa mia, bali dakika kwa sitini. Desturi hii ni urithi wa watu wa kale wa Babeli, waliohesabu kwa sitini. Basi, ukiazima saa moja, umeazima dakika 60, si 100. Saa 4 na dakika 15 ni sawa na saa 3 na dakika 75. Toa saa 2 na dakika 50: yabaki saa 1 na dakika 25.

Asiyependa kutoa na apande ngazi. Kutoka saa 2 na dakika 50 hadi saa 3 ni dakika 10. Hadi saa 4 ni saa 1. Kisha dakika 15. Jumlisha: saa 1 na dakika 25.

Jihadharini na saa 12, maana hapo hesabu yetu huanza upya. Mtu aliyeondoka saa 11 na dakika 40 jioni akafika saa 2 na dakika 15 usiku, alitembea muda gani? Ongeza 12 juu ya saa ya kufika: saa 14 na dakika 15. Toa saa 11 na dakika 40: ni saa 2 na dakika 35.

Akina mama, hesabu hii yawahusu pia. Mganga akisema dawa itolewe kila baada ya saa 8, mtoto aliyeinywa saa 12 asubuhi atainywa tena saa 8 mchana, kisha saa 4 usiku. Kumpa asubuhi, adhuhuri na jioni si kutii agizo hilo.

Tena, nchi yetu ina saa za namna mbili: Lubumbashi hutangulia Kinshasa kwa saa moja. Ndege ikiondoka Kinshasa saa 8 mchana na kutua Lubumbashi saa 11 na nusu, wasafiri hudhani wamekaa angani saa 3 na nusu. Sivyo: toeni ile saa moja, zabaki saa 2 na nusu. Wakirudi, waiongeze.

Sasa, wanafunzi, jaribuni hii. Mlinzi aliingia zamu saa 12 na dakika 20 jioni, akatoka saa 11 na dakika 50 alfajiri. Alikesha muda gani? Mkipata saa 11 na dakika 30, mmefahamu. Msipopata, kumbukeni: saa 12 ni mwanzo, hivyo 12 hiyo huhesabiwa kuwa 0.