Fahamu: Atlasi ya Profesa Pernkopf na miili ya waliouawa

Eduard Pernkopf, profesa wa anatomia Chuo Kikuu cha Vienna, Austria, alijiunga na chama cha Nazi mwaka 1933. Mwaka 1938 akawa mkuu wa kitivo cha tiba, na walimu Wayahudi wakafukuzwa.

Atlasi yake ya mwili wa binadamu ina michoro ya kina ajabu. Lakini uchunguzi wa chuo uliokamilika 1998 ulibaini kuwa taasisi yake ilipokea angalau miili 1,377 ya watu waliouawa kwa hukumu za utawala wa Nazi. Huenda baadhi ya michoro ilitokana na miili hiyo, na hakuna aliyeombwa ridhaa.

Bado baadhi ya madaktari wa upasuaji huitumia atlasi hiyo. Mwongozo wa Kiyahudi wa 2017 unaruhusu, mradi mgonjwa aelezwe chanzo chake. Ni sharti la haki kabisa.

Pernkopf alizuiliwa baada ya vita, akaachiwa bila mashtaka, akarudi kwenye atlasi hadi kifo chake, 1955.