Timu ya Jumatano na mji wa chuma

Msikilizaji mmoja wa Ilala ameniletea swali fupi: kwa nini timu ya mpira huko Uingereza iitwe Jumatano? Anaulizia Sheffield Wednesday. Swali ni dogo, lakini ukitaka kulijibu sawasawa itakubidi uueleze mji mzima, na ndivyo nitakavyofanya wiki hii.

Sheffield uko kaskazini ya Uingereza, katika Yorkshire. Huenda hujapata kufika huko, lakini ukifungua kabati la vyombo la bibi yako na kukigeuza kisu cha mezani cha zamani, si ajabu ukalikuta jina hilo limepigwa chapa kwenye bapa. Nyumbani kwetu kilikuwapo kimoja. Mimi nilipokuwa mtoto niliamini kuwa Sheffield ni jina la mzungu aliyekisahau.

Mji huo umekaa juu ya vilima, na mito mitano inateremka kati yake. Maji ya mito hiyo ndiyo yaliyozungusha mawe ya kunolea visu kabla ya kuja mashine za mvuke. Katika miaka ya 1740 fundi wa saa aitwaye Benjamin Huntsman, ambaye hakuridhika na chuma alichokipata kwa ajili ya kamani za saa zake, alianza kukiyeyusha ndani ya vyungu vya udongo katika tanuri la moto mkali. Akapata chuma cha pua safi kuliko kilichokuwako. Mwaka 1913 mwenyeji mwingine wa mji huo, Harry Brearley, mtoto wa myeyusha chuma, alikuwa akitafuta chuma cha mitutu ya bunduki kisicholika upesi. Alipochanganya chuma na kromi akaona hakishiki kutu. Stenlesi ya sufuria na vijiko vyetu ina asili yake hapo.

Utajiri huo ulikuwa na gharama yake. Wanoaji wa visu na uma walikuwa wakivuta vumbi la mawe na chuma kutwa nzima, na wengi walikufa kwa maradhi ya mapafu kabla ya uzee.

Sasa nije kwenye Jumatano. Mwaka 1820 kilianzishwa klabu cha kriketi cha watu ambao nusu siku yao ya mapumziko ilikuwa Jumatano, nacho kikachukua jina la siku hiyo. Mwaka 1867 wanachama waliona kwamba majira ya baridi yanawatawanya, wakaamua kucheza mpira wa miguu ili wasipoteane hadi kriketi irudi. Basi jibu ndilo hilo, ndugu msikilizaji: timu ilipewa jina la siku ambayo wenyewe walikuwa huru.

Mpira wenyewe katika mji huo ni wa zamani zaidi ya Jumatano. Sheffield FC, ambayo FIFA inaitambua kuwa klabu kongwe kuliko zote duniani, ilianzishwa mwaka 1857, miaka 6 kabla ya Chama cha Soka cha Uingereza. Walikuwa na sheria zao wenyewe, na mpira wa kona tunaoupiga leo kila uwanja umetoka katika sheria hizo. Timu ya United ya Bramall Lane, iliyoundwa mwaka 1889, mashabiki wanaiita Visu, kwa sababu isiyohitaji maelezo. Wapinzani wao wa Jumatano wanaitwa Bundi, kwa ajili ya mtaa wa Owlerton ulipo uwanja wao. Kwetu bundi akitua juu ya paa watu hawalali. Wao wamemchora kwenye jezi.

Mwaka ninaotaka kuutazama kwa makini ni 1961. Mwaka huo mji ulifungua majengo mawili. La kwanza ni jukwaa la kaskazini la uwanja wa Jumatano, Hillsborough. Paa lake la chuma halikuwa na nguzo hata moja ya kumziba mtazamaji, jambo lililokuwa adimu wakati huo. La pili ni Park Hill, safu ya majumba ya zege juu ya kilima karibu na stesheni ya reli, yenye nyumba 995.

Wasanifu wa Park Hill, Jack Lynn na Ivor Smith, walipewa kazi ya kuwahamisha watu wa mitaa duni iliyobomolewa, nao walijiuliza swali ambalo wajenzi wengi hawajiulizi: hawa watu walikuwa wakiishi vipi? Wakaona maisha yao yalikuwa mlangoni na barabarani. Kwa hiyo ghorofani wakajenga njia za wazi, pana kiasi cha kupitisha kigari cha muuza maziwa, zikapewa majina ya barabara za zamani. Majirani walipangwa tena karibu karibu. Sisemi kila kitu kilifaulu. Viwanda vilipoanza kufungwa, hasa katika miaka ya 1980, ajira zilitoweka, matengenezo yakapungua, na Park Hill ikapata sifa mbaya. Mahali palipokuwa na kiwanda cha Hadfields pakajengwa jumba la maduka la Meadowhall, lililofunguliwa mwaka 1990. Lakini mwaka 1998 Park Hill iliwekwa katika orodha ya majengo ya kulindwa na serikali, kisha ikaanza kukarabatiwa. Nyumba nyingi zilizokuwa za kupanga kwa halmashauri ziliuzwa kwa watu binafsi. Jengo limeokolewa, ila si kwa ajili ya watu wale wale.

Sasa turudi Hillsborough. Katika miaka ya 1970 viwanja vingi vya Uingereza viliweka uzio wa chuma kuwazuia mashabiki wasiingie uwanjani. Mwaka 1981 kwenye upande wa Leppings Lane watu 38 waliumia kwa msongamano. Kilichofuata ni kuongeza uzio mwingine, wa kuugawa umati katika vizimba. Mwenye kuweka uzio ule alijiuliza namna ya kuwazuia watu. Watatokaje, hilo halikupewa uzito.

Tarehe 15 Aprili 1989 ilikuwa nusu fainali ya Kombe la FA, Liverpool na Nottingham Forest. Watu zaidi ya 10,000 wenye tiketi za kusimama walitakiwa kupita katika vilango 7 tu. Nje pakawa na msongamano wa kutisha, na dakika 8 kabla ya mpira kuanza polisi waliagiza lango kubwa lifunguliwe. Waliongia waliona mbele yao njia moja ya chini, wakaifuata, nayo ikawapeleka katika vizimba vya kati vilivyokwisha kujaa. Hakuna aliyeifunga njia hiyo, wala aliyesimama kuwaelekeza pembeni palipokuwa na nafasi. Waliokuwa mbele walibanwa kwenye uzio. Mpira ulisimamishwa saa 9 na dakika 6.

Kwa miaka mingi mashabiki walisingiziwa ulevi na fujo. Uchunguzi wa Jaji Taylor ulisema mapema kwamba kosa kuu ni la polisi kushindwa kuongoza umati, na taarifa yake ya 1990 ndiyo iliyoleta viti katika viwanja vikubwa vya Uingereza. Familia zilingoja hadi Aprili 2016 baraza la wazee wa mahakama lilipotamka kwamba marehemu waliuawa isivyo halali na mashabiki hawakuwa na hatia.

Nataja haya kwa sababu hata sisi tuna malango. Oktoba 2010, Gor Mahia ilipokutana na AFC Leopards kwenye uwanja wa Nyayo, Nairobi, watu 7 walikufa katika msongamano. Nikienda uwanjani siku hizi, kabla ya kutafuta kiti natazama nitatokea wapi. Wenzangu hunicheka.

Upande wa Leppings Lane uliwekwa viti mwaka 1991. Majeruhi wa mwisho kufa kwa maumivu ya siku ile alifariki Julai 2021, miaka 32 baadaye, na hesabu ikawa watu 97.