Risiti Imo Simuni, Lakini Wapi?

Fungua simu ya mwenye nyumba yeyote katika mji wa Ruiru, Kenya. Kodi ya mwezi mzima imelala ndani ya faili zenye majina kama IMG-20240305-WA0012 na DOC-20240309-WA0007. Majina hayo hutolewa na WhatsApp yenyewe: tarehe, kisha namba ya mfuatano. Moja ni picha ya ujumbe wa M-Pesa kutoka kwa mpangaji wa bedsita, nyingine ni mkataba uliotiwa sahihi, ya tatu ni bili ya maji. Mzozo ukizuka kuhusu nani alilipa na nani hakulipa, mzee hupekua mazungumzo ya miezi kadhaa kwa kidole gumba, mpangaji akiwa amesimama mlangoni.

Hili si jambo dogo. Sensa ya 2019 ilionyesha kwamba Ruiru imeupita mji wa Thika kwa wingi wa wakazi, na nyumba za kupangisha zimesongamana kuanzia Kihunguro hadi Kamakis. Tangu Januari 2024, anayepata kati ya shilingi 288,000 na milioni 15 kwa mwaka kutokana na upangishaji hutozwa kodi ya asilimia 7.5 ya mapato hayo. Sheria ya Taratibu za Kodi ya 2015 nayo inamtaka mlipa kodi atunze stakabadhi zake kwa miaka 5. Ndani ya miaka hiyo, simu yaweza kuibwa, kuanguka majini au kupewa mtoto anayejiunga na chuo.

Ndipo watu huulizana: nitumie Google Drive, OneDrive ama Dropbox? Swali hilo lina maana pale tu mtu anapojua faili zake hutoka wapi, nani mwingine huzitafuta, na nini kitabaki simu ikipotea.

Kwa mwenye nyumba, kifaa kinachofaa mara nyingi tayari kimo mkononi. Simu nyingi za Android huja na Drive pamoja na programu ya Files ya Google. Folda moja kwa kila nyumba, ndani yake folda ya kila mwaka, na faili iitwe "2024-03-05 B4 kodi", B4 ikiwa namba ya chumba. Mwaka ukitangulia, kisha mwezi na siku, faili hujipanga zenyewe kwa mfuatano sahihi. Google hutoa gigabaiti 15 bila malipo, OneDrive 5, Dropbox 2. Lakini zile 15 hugawanywa kati ya Drive, Gmail na Google Photos, na siku hizi nakala ya WhatsApp ya simu za Android huhesabiwa humo humo. Anayepakia video za harusi zote ataona nafasi imejaa kabla ya risiti kupata pa kukaa. Na kwa kuwa bando ni pesa, mipangilio iruhusu upakiaji pale tu penye Wi-Fi.

Mwanafunzi wa chuo kikuu cha JKUAT, pale Juja kati ya Ruiru na Thika, ana shida ya aina nyingine. Makala za kusoma zinafika mamia, na tasnifu yake ina matoleo matano yote yakiitwa "final". Folda peke yake hazimtoshi. Zotero, programu isiyolipiwa iliyoanzishwa 2006 katika Chuo Kikuu cha George Mason nchini Marekani, husoma PDF, ikatambua mwandishi, mwaka na kichwa, kisha ikaingiza marejeleo ndani ya Word au LibreOffice. Hifadhi yake ya bure mtandaoni ni megabaiti 300 tu, lakini faili zenyewe hubaki kwenye kompyuta ya mwanafunzi. Maktaba za vyuo hufuata njia hiyo hiyo kwa kiwango kikubwa. DSpace, mfumo uliotengenezwa na chuo cha MIT na kampuni ya HP mwaka 2002, huhifadhi kila tasnifu pamoja na maelezo yake, ili itafutwe kwa jina la mwandishi, mada au mwaka.

Mpiga picha wa mahafali ya Chuo Kikuu cha Mount Kenya, mjini Thika, hawezi kutegemea gigabaiti 15. Siku moja ya kazi yaweza kuzimaliza. Anahitaji diski za nje pamoja na programu kama digiKam, isiyolipiwa, inayomwezesha kubandika kwenye kila picha jina la mteja na la tukio. Mpiga picha Mmarekani Peter Krogh alieneza kanuni inayofaa hapa: nakala 3, katika vifaa vya aina 2, na nakala 1 iwe mbali na nyingine. Mwizi akivunja studio, diski mbili zilizo kwenye droo moja huondoka pamoja.

Halafu kuna saiba, yaani duka la huduma za kompyuta na intaneti. Wateja huleta vitambulisho, vyeti vya PIN ya mamlaka ya kodi, KRA, na fomu za mkopo wa masomo wa HELB. Vinaskaniwa, vinatumwa, na nakala zinabaki kwenye kompyuta inayotumiwa na kila anayeingia. Sheria ya Ulinzi wa Data ya 2019 inataka taarifa za mtu zisikae kupita muda unaohitajika. Sheria hiyo ina meno: Septemba 2023, Kamishna wa Data alizitoza faini Roma School, shilingi 4,550,000, na Casa Vera Lounge, shilingi 1,850,000, kwa kuchapisha picha za watu bila idhini. Kwa mwenye saiba, programu ya maana kuliko zote ni ile inayofuta. Windows inayo tayari: Storage Sense ikiwashwa, huondoa faili zilizopakuliwa ambazo hazijafunguliwa kwa siku zilizowekwa, hata siku 1. Zilizobaki kwenye dawati la kompyuta zifutwe kwa mkono kila jioni.

Kabla ya kulipia chochote, inafaa kuangalia njia ya kutokea. Baadhi ya programu hufungia faili ndani ya mfumo wao. Nyingine huziacha zikiwa PDF na picha za kawaida zinazohamishika. Google Takeout, iliyopo tangu 2011, humruhusu mtu kupakua vyake vyote. Akaunti nayo inahitaji kutumiwa: tangu Desemba 2023, Google imekuwa ikifuta akaunti zisizoguswa kwa miaka 2, jambo zito kwa mzee aliyefunguliwa Gmail saiba na kusahau nywila.

Kisha jaribio. Mtu mwingine wa nyumbani au wa dukani aombwe kutafuta risiti ya Machi mwaka jana, bila kuelekezwa. Akiipata ndani ya dakika moja, programu iliyopo inatosha na hakuna haja ya kulipia nyingine. Akishindwa, kazi ianze kwenye majina na folda, kwa faili za mwezi huu kwanza.