Umemwuliza Mama?

Wapwa zangu, sogeeni karibu. Mmoja wenu ameniuliza, "Mjomba, ile karatasi iliyobandikwa ukutani dukani ni ya kazi gani?" Hongera kwa kuiona! Watu wazima wengi hununua sukari miaka na miaka bila kuitupia jicho. Ile ni leseni. Tuiache ijieleze yenyewe.

"Mimi nimetoka serikali ya kaunti," inasema leseni. "Mwenye duka hunilipia kila mwaka. Nikiwepo, mlango unafunguliwa. Nikiondolewa, mlango unafungwa. Na mlango ukifungwa, karo itatoka wapi? Kodi ya nyumba je? Mimi ni karatasi nyepesi, lakini watu wananitegemea."

Basi siku moja fununu zikaenea mtaani: mama mwenye duka anauza unga uliopitwa na tarehe. Ofisa akasikia. Ofisa akakasirika. Akaja mbio kuibandua leseni.

"Ngoja!" ikalia leseni. "Umemwuliza mama?"

"Nimwulize nini? Nimeshaambiwa."

"Umeambiwa na nani? Unga umeuona? Umemwuliza mama?"

Wapwa zangu, chungu kiko jikoni. Jirani anapiga kelele, "Mchuzi umeungua!" Je, mtaumwaga papo hapo? La. Mtafunua kifuniko, mtatazama, mtaonja. Mchuzi ukishamwagwa haurudi chunguni. Ndiyo maana kumsikiliza mtu huja kabla ya kuamua. Duka likifungwa mwezi mzima, nyanya zikaoza na wateja wakahamia kwingine, kumwita mama siku hiyo aje kujieleza kutamsaidia nini?

"Mjomba, ni sheria inayosema hivyo, au ni wewe?"

Swali la mtu mwenye akili! Ni sheria. Katiba ya Kenya ya 2010, Kifungu cha 47, inampa kila mtu haki ya kutendewa na maofisa kwa haraka, kwa kufuata sheria, na kwa utaratibu wa haki. Kila mtu: mwenye supamaketi na mwenye kibanda. Mwaka 2015 Bunge likatunga sheria ya kulitekeleza jambo hilo. Kabla ya kumchukulia mama hatua ya kumwumiza, apewe taarifa mapema, aambiwe anashukiwa nini. Aonyeshwe ushahidi. Apewe nafasi ya kujitetea, na hata kumhoji anayemshtaki. Akihitaji muda zaidi, anaweza kuomba kikao kiahirishwe. Na uamuzi ukimwumiza, anaweza kudai sababu kwa maandishi. Ofisa asipozitoa, sheria inachukulia kwamba hakuwa na sababu ya maana, mpaka athibitishe vinginevyo. Hapo napapenda sana!

Haikuwa hivi siku zote. Katika kisiwa cha Ceylon, ambacho leo ni Sri Lanka, mfanyabiashara wa vitambaa alinyang'anywa leseni. Kesi yake ikafika London, na mwaka 1950 majaji wakasema kwamba leseni ni fadhila aliyopewa, na ofisa anayeiondoa halazimiki kufuata taratibu za kihakimu. Fadhila! Mtu anayeishi kwa kuuza vitambaa, leseni yake ni fadhila tu? Mwaka 1963, katika kesi ya mkuu wa polisi wa Brighton aliyefukuzwa kazi bila kusikilizwa ipasavyo, majaji wa juu wa Uingereza wakampa haki mkuu huyo, na hoja za ile hukumu ya Ceylon zikakosolewa vikali. Zilistahili kukosolewa.

"Lakini Mjomba, kama unga una sumu kweli?"

Umefikiri vizuri, mpwa wangu. Kama watu wanaweza kudhurika leo, unga uondolewe leo. Mama naye asikilizwe upesi, asiachwe akisubiri miezi. Tena kusikilizwa si kusamehewa. Akisikilizwa na ikathibitika ana kosa, leseni yaweza kuondolewa. Ila anayeamua asiwe mtu mwenye kinyongo naye, wala mwenye duka shindani mtaa ule ule.

Na yule ofisa wetu? Alirudi ofisini, akaandika barua, akataja tuhuma na tarehe ya kikao. Mama akaja na stakabadhi zake. Kumbe ule unga ulikuwa umewekwa kando, unangoja kurudishwa kwa muuzaji wa jumla. Ofisa akaenda akautazama, akamwagiza mama auwekee alama ili mteja asiuchukue kwa bahati mbaya. Leseni ikabaki ukutani.

Nanyi mna kazi. Wako wenye maduka wanaopokea barua kama hiyo wakaikunja na kuiweka chini ya mizani kwa sababu ya woga, au kwa sababu imeandikwa kwa Kiingereza kigumu. Ukimwona mmoja, msomee. Mwonyeshe tarehe ya kujibu. Mwambie ajibu kwa maandishi kabla ya siku hiyo, na abaki na nakala.