UFAFANUZI KWA WANANCHI: SABABU ZA MISIMU NA TOFAUTI ZAKE DUNIANI

Wananchi wanafahamishwa kuwa ufafanuzi huu unahusu jambo ambalo kila mkulima, mvuvi na mwanafunzi hulitaja, lakini si kila mmoja hulieleza sawasawa: kwa nini mwaka una misimu, na kwa nini misimu ya Unguja na Pemba haifanani na ya nchi nyengine.

Iko dhana iliyoenea, hata miongoni mwa watu waliosoma, kwamba dunia hupata joto inapolikaribia jua na hupata baridi inapokuwa mbali nalo. Dhana hiyo si sahihi. Dunia hulikaribia jua zaidi mwanzoni mwa Januari, ambapo masafa baina yao ni takriban kilomita milioni 147, na huwa mbali nalo zaidi mwanzoni mwa Julai, kwa kilomita milioni 152. Lau masafa ndiyo yangekuwa sababu, watu wa London wangetokwa na jasho Januari na kuvaa makoti Julai. Mambo ni kinyume chake. Na Januari hiyo hiyo Sydney huwa na joto na Moscow huwa na theluji, ilhali miji yote miwili imo katika dunia moja.

Sababu ya kweli ni kuinama kwa dunia. Dunia hujizungusha juu ya mhimili wake kwa siku moja, na hulizunguka jua kwa mwaka mmoja. Mhimili huo haukusimama wima, bali umeinama kwa nyuzi 23 na nusu, na huelekea upande ule ule mwaka mzima. Kwa hivyo mwezi wa Juni nusu ya kaskazini ya dunia huwa imelielekea jua, na mwezi wa Disemba huwa zamu ya nusu ya kusini. Nusu iliyolielekea jua hupata mambo mawili kwa pamoja: mchana mrefu, na miale inayoshuka kutoka juu badala ya kupita kwa ubavu. Anayetaka mfano na achukue kurunzi usiku. Akiimulika sakafu moja kwa moja, doa la mwangaza huwa dogo na kali; akiilaza, doa hutanuka na kufifia, ingawa betri ni zile zile.

Hapa Visiwani jambo hili halihitaji chombo chochote kulithibitisha. Mwezi wa Juni, wakati wa adhuhuri, kivuli cha nguzo huangukia upande wa kusini, kwa kuwa jua liko kaskazini. Mwezi wa Disemba kivuli hicho huangukia kaskazini. Na mara mbili kwa mwaka, katika siku za mwanzo za Machi na karibu na tarehe 9 Oktoba, jua hupita juu ya kichwa kabisa na nguzo ya Unguja haina kivuli. Mtu wa Ulaya haoni kitu hicho kwao maisha yake yote. Siku ya Juni ambayo jua la London huwa juu kuliko siku zote, hufika nyuzi 62 tu kutoka upeo wa macho; Unguja, siku ambayo jua liko chini kuliko siku zote, bado adhuhuri hufika nyuzi 60. Disemba jua la London halipandi zaidi ya nyuzi 15 hivi, na mchana wake haufiki saa 8. Huko Tromsø, kaskazini mwa Norway, jua halichomozi kabisa tangu mwishoni mwa Novemba hadi katikati ya Januari, na kiangazi likaa miezi miwili bila ya kuzama. Unguja tofauti ya mchana mrefu na mchana mfupi haifiki robo tatu ya saa.

Hapa ndipo panapozuka mkanganyo wa maneno. Vitabu vya skuli, katika kufasiri misimu minne ya Ulaya, vimeazima majina ya pwani: baridi ya Disemba ikaitwa kipupwe, na wakati wa majani kupukutika ukaitwa vuli. Mkopo huo haukuwa wa busara sana. Kipupwe cha Visiwani ni Juni hadi Agosti, wakati ambao Ulaya iko katika joto. Na vuli ya Visiwani ni mvua, wala hakuna jani linalopukutika kwa ajili yake. Mwanafunzi anayejibu mtihani kwa majina hayo hana budi kufahamu kwamba anazungumzia vitu viwili tofauti vyenye jina moja.

Kwa kuwa jua haliendi mbali na Visiwa hivi, joto hubadilika kwa digrii chache tu, na misimu hutambulikana kwa mvua na pepo. Mahala jua linapochoma sana hewa hupanda, na pepo za pande mbili hukutana hapo na kuleta mawingu. Ukanda huo wa mvua hulifuata jua, lakini huchelewa nyuma yake kwa wiki kadhaa, kwa sababu bahari huchukua muda kupata joto. Jua likipita kuelekea kusini mwezi wa Oktoba, vuli hufuata. Likirudi kaskazini mwezi wa Machi, masika hufuata. Ndiyo maana Unguja na Pemba zina misimu miwili ya mvua. Songea na Mbeya zina mmoja tu, wa kuanzia Novemba hadi Aprili, kwani huko kusini mvua za kwenda na za kurudi huungana.

Pepo nazo hutokana na jua hilo hilo. Bara la Asia hupata joto upesi kuliko bahari, na Juni huvuta hewa kutoka Bahari ya Hindi. Huo ndio kusi. Ukivuka ikweta upepo huo hupindishwa kulia na mzunguko wa dunia, ukafika India na kusini mwa Arabuni ukitokea kusini-magharibi. Disemba Asia huwa imepoa na upepo hugeuka: ni kaskazi, ulioleta majahazi ya Ghuba na India kwa karne nyingi. Neno msimu lenyewe limetokana na Kiarabu, mausim. Wenye jamaa Oman wanajua kwamba Juni hadi Septemba Maskati huungua kwa joto, ilhali Salala hufunikwa na ukungu, manyunyu na majani mabichi. Watu wa huko huuita wakati huo kharifu. Unaoleta ukungu huo ni upepo ule ule wa kusi ulioanzia kusini mwa ikweta.

Kutokana na hayo, mkulima asitumie miezi ya mwandamo kupangia kilimo. Mwaka wa Hijria ni mfupi kwa siku 11 hivi kuliko mwaka wa jua, na miezi yake huzunguka misimu yote kwa takriban miaka 33. Ramadhani ya mwaka 1999 ilianza Disemba. Ya mwaka 2016 ilianza Juni. Na mwaka 2030 inatarajiwa kuingia mara mbili, Januari na Disemba. Wazee walilitambua hilo, ndiyo maana wakaweka hesabu ya Nairuzi, inayoadhimishwa Makunduchi kwa Mwaka Kogwa: miongo 36 ya siku kumi kumi, na siku 5 za nyongeza. Ni hesabu ya jua, na ni nzuri. Upungufu wake ni mmoja, kwamba haina siku ya mwaka mrefu, hivyo huteleza kwa siku moja kila miaka minne. Katika umri wa miaka 80 huwa imeteleza siku 20 hivi.

Hata hivyo jua huweka wakati wa mvua, si kiasi chake. Vuli ya mwaka 1997 ilizidi mno na kuendelea hadi mwanzoni mwa 1998, kutokana na El Niño katika Bahari ya Pasifiki pamoja na joto lisilo la kawaida upande wa magharibi wa Bahari ya Hindi; hali ya namna hiyo ilirudi mwaka 2023. Kwa hivyo, kabla ya kila msimu, Mamlaka ya Hali ya Hewa Tanzania hutoa utabiri unaoeleza mvua zinatarajiwa kuanza lini, iwapo zitakuwa juu au chini ya wastani, na zitakoma lini. Wakulima wanashauriwa kuusikiliza utabiri wa vuli na wa masika kabla ya kutia mbegu ardhini.